Chumba cha Milango Miwili

Njia ya mwongo ni fupi, na ya Oliver iliishia kwenye godoro.

"Hapa ndio Nashon hulala, Madam," alisema, akilionyesha kwa kidole chenye tope jekundu. "Hata ile usiku ya moto alikuwa hapa. Tulikoroma pamoja mpaka asubuhi."

Inspekta Nyangi aliinama mlangoni mwa kibanda cha mabati akalitazama. Nyuma yake machimbo yote ya Masara yalikuwa yakinguruma. Mashine za kusaga mawe ya dhahabu hazikupumzika, na vumbi lake lilikuwa limemwingia hadi kwenye meno. Godoro lilikuwa moja, jembamba, na katikati yake palikuwa na bonde moja fupi.

"Nashon ana mwili gani?" aliuliza, ingawa alikuwa amemwona asubuhi ileile mahabusu, kule Homa Bay.

"Ni mtu mkubwa. Mrefu. Si amevuta nyavu maisha yake yote?"

"Na wewe?"

Oliver alijitazama. Alikuwa mfupi na mwembamba, mchimbaji wa kuteremshwa kwenye mashimo ambayo wenzake hukwama mabegani.

"Basi huyo mrefu alikuwa akilala wapi hapa? Juu yako?"

Wachimbaji waliokuwa wakinywa chai nje waliangua kicheko. Oliver hakucheka. Aliinama, akaokota kijiwe, akakigeuzageuza mkononi kana kwamba kina dhahabu.

Nyangi alisubiri. Tangu utotoni kwao Kuria alikuwa na ugonjwa wa kuuliza kwa nini, na mama yake alizoea kumwambia kwamba maswali yake yangemfanya ng'ombe asahau kuzaa. Ukubwani ugonjwa ule ukampatia kazi. Kesi hii watu wote kituoni waliiona imekwisha, ila yeye. Banda la mapumziko la hoteli mpya, lile la makuti lililojengwa ufuoni Homa Bay, lilikuwa limeteketea usiku. Jumapili kabla ya moto Nashon alikuwa amemkaripia meneja mbele ya watu kwa sababu ya kamba iliyofungwa kuwazuia akina mama wauza samaki wasiwakaribie wageni. Alfajiri baada ya moto, askari wa hoteli alimwona akinyata nyuma ya nyumba za kupanga, viatu mkononi. Alipokamatwa alisema alikuwa Masara, kaunti jirani ya Migori. Alasiri ya leo angefikishwa kortini kwa kosa la kuchoma mali, kosa linaloweza kumla mtu ujana wake wote, na Nashon alikuwa na mtoto wa kunyonya.

"Oliver," Nyangi alisema kwa upole, "ukinidanganya hunisaidii mimi, na yeye ndiye unayemzika."

"Sawa." Kijiwe kilianguka. "Hajalala hapa. Hata siku moja. Aliniomba tu niseme hivyo mtu akiuliza."

"Alikuomba lini? Baada ya kushikwa?"

"Zii, Madam! Kitambo. Tangu zile nyumba za kule ziwani zibomolewe. Na si polisi alikuwa anaogopa. Alisema, majirani wakiuliza, niambie wote ako Masara."

Hapo Nyangi alihisi ule mwasho wake wa zamani. Mtu hapangi kisingizio cha moto miezi mingi kabla ya kiberiti. Na tangu lini mtu akawadanganya majirani kwamba halali nyumbani kwake? Waume huwa wanadanganya kinyume chake.

"Alikuwa anaficha nini?"

Oliver alitikisa kichwa. "Hiyo siwezi sema. Kuna kitu mtu anaweza fungiwa, na bado hasemi."

*

Kutoka Migori hadi Homa Bay Nyangi hakuwasha redio ya gari. Alitaka kuwaza. Aliposhuka kuelekea ziwani aliona jinsi mji ulivyokuwa ukipendeza, na kila ulipopendeza, mtu fulani alikuwa amefunga virago. Pale palipokuwa na safu za vyumba vya wavuvi sasa palisimama nyumba za ghorofa zenye vioo, za wageni wa wikendi. Safu chache zilizobaki kodi yake ilikuwa imepanda, na wapangaji wakabanana ndani yake wakingoja siku yao.

Konstebo Odhiambo, kijana nadhifu aliyekuwa ameiandaa kesi ile, alikuwa akimsubiri kwenye ploti ya Mzee Nyakundi, alikopanga Nashon. Nyakundi mwenyewe alikuwa kando yake, na hasira zake hazikusubiri salamu.

"Alinikatia mabati, Madam! Nyumba yangu! Alitoboa mlango huko nyuma bila kuniuliza. Mpangaji gani anahitaji milango mbili kwa chumba moja?"

Swali zuri, Nyangi aliwaza. Mzee alikuwa ameuliza kwa hasira jambo ambalo polisi walipaswa kuuliza kwa utulivu.

"Mimi niko na jibu," Odhiambo alisema, akiwatangulia hadi nyuma. "Angalia, Madam. Unatokea hapa, unapita kwa nyasi, unafika kwa banda. Hakuna mtu atakuona."

Ilikuwa kweli. Mbele yao nguzo nyeusi za banda zilisimama ufuoni, na hata majivu yalionekana. Lakini Nyangi alichuchumaa akautazama mlango. Ulikuwa mfupi, wa kupita mtu aliyeinama sana. Kingo za mabati zilikuwa zimekunjwa na kufunikwa kwa mpira ili zisimkate anayepita. Chini palikuwa na jiwe bapa la kukanyagia, beseni dogo lililofunikwa, na ndara za plastiki za mwanamke, zimelika upande mmoja wa kisigino. Mtu anayejitobolea njia ya uhalifu huwa hakumbuki kuweka jiwe la kuoshea miguu.

"Komeo liko wapi?"

"Ndani."

Mlango wa mbele aliufungua Millicent, mke wa Nashon, mtoto begani. Macho yake yalikuwa mekundu. Aliwakaribisha kwa sauti ndogo, na walipoingia watatu chumba kikajaa.

Pazia ndilo lililomvutia Nyangi. Kila chumba kimoja kina pazia la kuficha kitanda, hilo si ajabu. Hili lilikuwa la magunia yaliyoshonewa shuka pande zote mbili, limetoka kwenye paa hadi sakafuni, na pindo lake lilikuwa limeshonewa vile vyuma vizito vya kuzamishia wavu ili upepo usilifunue. Upande wa mlango wa mbele palikuwa na kitanda cha mume na mke. Upande wa pili, penye ule mlango mfupi, palikuwa na mkeka uliokunjwa, kigoda, kikombe, taa ndogo na leso mbili safi.

"Hapa ni pa nani?"

"Ni pa mama yangu," Millicent alijibu. "Anakujanga kupumzika mchana."

"Na usiku?"

"Usiku analala kwa jirani. Kwa Milka."

Odhiambo alitikisa kichwa kukubali. "Hiyo tayari nimeandika, Madam."

"Ulimuuliza Milka?"

"Kumuuliza nini?" Kijana alishangaa kwa dhati. "Sasa mama mkwe wa mtu angelala wapi?"

Nyangi alimtazama, na nusura atabasamu. Odhiambo hakuwa mvivu. Angehesabu hata mbuzi wa shahidi. Lakini swali hilo moja hakuliuliza, kwa kuwa kwao jibu lake lilikuwa limekwisha kutolewa kabla hajazaliwa.

Milka walimkuta akikaanga samaki mlangoni pake.

"Kwangu? Ayah! Niko na watoto na shemeji, nitamweka wapi? Mama Phelesia analala kwa mtu wa kanisa, nafikiri."

"Usiku wa moto ulimwona Nashon?"

"Si huyo ako Masara siku zote? Sisi wote tulitoka kuangalia moto. Millicent peke yake alibaki, mtoto alikuwa na homa. Lakini nilishangaa." Milka aligeuza samaki. "Watu wanapiga nduru, na yeye redio yake inaimba tu. Mwanaume anaimba polepole, wimbo wa kulaza mtoto. Nikasema, huyu msichana, moto unawaka na anasikiza redio?"

Nyangi alirudi kwenye kile chumba bila kuaga. Alitazama juu ya kabati, chini ya kitanda, kwenye misumari ya ukutani. Millicent alimfuata kwa macho.

"Millicent, naomba unionyeshe redio yenu."

Mwanamke alimtazama Odhiambo aliyesimama kizingitini, kisha akainamia kichwa cha mwanawe.

"Hatuna redio," alisema, na machozi yakaanza kumtoka.

*

Nje, Odhiambo alisimama akiyatazama maji.

"Madam, hiyo haiwezekani."

"Haiwezekani, au haisemeki?"

"Kwetu mtu na maro wake, mama mkwe wake, hawawezi lala nyumba moja. Hata wakikutana njiani mtu anampisha. Hiyo ni chira, Madam. Inashika watoto. Mtoto anakonda tu mpaka anaisha."

"Hata kwetu Kuria mkwe ana mipaka yake," Nyangi alisema. "Ndiyo maana nimeuelewa ule mlango. Ulikatwa ili wasipishane kwenye mlango mmoja. Na komeo liko upande wa mama, kwa hiyo Nashon hakuweza kutokea hapo bila kumruka mkwewe kwenye mkeka."

"Lakini mbele angeweza kutoka."

"Angeweza. Ndiyo maana nataka kujua nani alikuwa akiimba."

Kituoni alimtoa Nashon mahabusu akamkalisha kwenye kiti. Alikuwa mtu mkubwa kweli, mwenye mabega yaliyozoea makasia, na alikaa akiwa amejikunja kama anayejaribu kuchukua nafasi ndogo.

"Nimetoka Masara," Nyangi alianza.

"Basi Oliver amekwambia."

"Oliver hakusema kitu cha maana. Nimeliona pazia."

Nashon aliinua uso haraka, akauinamisha tena. "Hakuna kitu pazia linaonyesha."

"Kuna mtu alimbembeleza mtoto wakati moto unawaka."

"Ilikuwa redio."

"Redio gani?"

Nashon aligeuzia uso ukutani.

"Nashon, ukisema ulikuwa wapi, na mtu mmoja akithibitisha, leo unaenda nyumbani."

"Huyo mtu mmoja usimguse, Afande." Kwa mara ya kwanza sauti yake ilipanda. "Yule mama alinipa binti yake. Mimi nikampa pazia. Unataka sasa nimpeleke kortini, asimame mbele ya hao watu wote, aulizwe alilala na mkwe wake kwa chumba moja? Wamcheke sokoni? Andika ni mimi nilichoma. Afadhali jela."

Nyangi aliandika kwamba mshukiwa hakuwa na la kuongeza. Moyoni alimhurumia, na alikasirika pia, kwa kuwa heshima ya namna ile ilikuwa inakaribia kumwacha mtoto bila baba.

*

Phelesia alikuwa ufuoni na beseni lake la samaki wa kukaanga, nyuma ya ile kamba. Mjane mwembamba, leso imefungwa vizuri kiunoni, ndara zake zimelika upande mmoja. Nyangi alipomkaribia, askari wa hoteli alikuwa ameshafika.

"Mama, songa nyuma kidogo. Wageni wanakula." Kisha akamgeukia Nyangi, aliyekuwa amevaa kiraia. "Madam, wewe pita tu, karibu. Shida ni huyu."

Phelesia alilisukuma beseni kwa mguu, bila hasira, kwa mazoea.

"Hawa wanajua sana umbali wa samaki wangu na sahani ya mtu," alisema. "Si vibaya. Mtu akitaka nafasi yake, apewe. Hata mimi nilikuwa nayo."

Nyangi alijitambulisha, akaketi chini kando yake.

"Mama, sitakuuliza ulilala wapi. Nimekuja kukwambia tu kwamba leo alasiri Nashon anapelekwa kortini. Ameulizwa alikuwa wapi, amekataa kusema. Amesema afadhali jela."

Mgeni mmoja alipiga picha ya ziwa juu ya vichwa vyao.

"Amesema hivyo?"

"Hivyo hivyo."

"Huyo mtoto ana heshima kuliko akili." Aliwafunika samaki kwa gazeti, polepole, kila upande. "Nisaidie kuinuka."

Ofisini alikataa kiti. Alisimama karibu na dirisha, na kabla ya kuanza akamgeukia Odhiambo aliyeshika kalamu.

"Wewe ni wa wapi, nyathina, mtoto wangu?"

"Kanyada, mama."

"Basi andika ukiangalia karatasi."

Odhiambo aliinamisha kichwa hadi pua ikakaribia meza, na hakukiinua mpaka mwisho.

Phelesia alisema chumba chake kilikuwa kwenye safu ya kwanza kubomolewa. Alitafuta kingine akakosa cha uwezo wake, akawa analala sokoni kwenye meza za samaki. Nashon alimkuta huko alfajiri moja. Hakumsemesha. Alirudi nyumbani, akamtuma Millicent amwite, na yeye mwenyewe akakata mlango na kushona pazia. Kisha akatangaza kwa ploti nzima kwamba amepata kazi Masara, ili majirani wasiwe na la kusema. Mchana alikuwa akivua upande wa Mbita, mbali na wanaomjua. Usiku alirudi watu wakiwa wamelala, akatoka kabla hawajaamka, viatu mkononi.

"Ndani ya hiyo nyumba hatujawahi kuonana uso kwa uso," mama alisema. "Mimi nikiingia, yeye ako nyuma ya pazia. Hata kukohoa alikuwa anaenda kukohoa nje."

"Na usiku wa moto?"

"Mtoto alikuwa na homa. Baba yake alimshika tangu watu walale. Alikuwa anamwimbia. Watu walipiga nduru, mimi nikaamka, yeye hakuweza kutoka, angeonekana. Akaendelea kuimba mpaka nduru ikaisha. Nilisikia wimbo wote." Aligeukia dirisha. "Banda lilichomwa na mtu mwingine. Huyo alikuwa na mtoto mikononi."

Kalamu ya Odhiambo ilikwaruza, ikanyamaza. Ushahidi wa Milka na huu ulikuwa umekutana bila wenyewe kukutana, na hakuna faili la mashtaka ambalo lingesimama mbele yake. Nyangi alipaswa kufurahi. Alijisikia kama mtu aliyemfungulia mwenzake mlango wa bafu.

"Asante, mama. Umemwokoa."

"Ndiyo. Lakini sasa imeandikwa." Phelesia alijifunga leso upya. "Jambo likiwa halijasemwa, watu wanaweza kukaa nalo. Likisemwa, mmoja lazima aondoke. Yeye ako na mke na mtoto. Mimi nitaenda Lambwe kwa ndugu yangu."

"Na biashara yako?"

"Lambwe hakuna ziwa," mama alisema, akatoka.

*

Mkuu wa kituo alisoma maelezo yale mara mbili, akaguna, akaamuru mshukiwa aachiliwe. Kesi ya moto ikarudi mwanzo kabisa. Nyangi alikuwa na nguzo nyeusi na majivu, na hakuwa na jina hata moja.

Nashon alirudishiwa mshipi, kofia na viatu vyake kaunta. Alivivaa, na alipomaliza hakuuliza kama yuko huru.

"Ni nani amesema?"

Nyangi angeweza kumzungusha. Alimwambia.

Mtu yule mkubwa alishika kaunta kwa mikono yote miwili. "Ako wapi?"

"Amepita nyumbani kuchukua vitu vyake. Anaenda Lambwe. Gari liko stejini, bado halijajaa."

Nashon alitoka mbio. Nyangi alimfuata hadi langoni, kwa kuwa alitaka kujua, ugonjwa ule ule, mtu wa namna hii angemwambia nini mama wa namna ile. Steji ilikuwa chini kidogo ya kituo, na kutoka langoni aliona yote.

Phelesia alikuwa ameketi dirishani, mfuko mapajani. Makanga alikuwa akiita watu, bodaboda zikipita huku na huku, na barabara imejaa watu wa kutoka kazini. Nashon alifika kwenye ukingo wa barabara, upande huu, akasimama ghafla. Kumfikia dirishani kulimaanisha kuukaribia uso wake. Kusema kutoka alipo kulimaanisha kupaza sauti, na mkwe hampazii maro sauti, tena mbele ya umati. Watu walimsukuma wakipita. Hakusogea mbele wala nyuma. Alivua kofia, akainamisha kichwa, akabaki hivyo.

Mama alimwona. Naye aliinamisha kichwa.

Odhiambo alikuwa amekuja kusimama kando ya Nyangi. "Madam, nimwite arudi?"

"Hapana. Mwache."

Abiria wa mwisho alipanda na gunia lake. Makanga akapiga ubavu wa gari, nalo likaondoka. Nashon akabaki ukingoni, kofia mkononi, watu wakimpita pande zote mbili.